Soma Tarehe Kwenye Kadi Yako: Leseni na Kitambulisho, Kipi Huisha na Kipi Hakiishi

Haya ni maandishi ya mazungumzo ya afisa wa elimu kwa umma wa kaunti katika baraza la wananchi. Tunayachapisha kwa ajili ya wakazi ambao hawakuweza kufika.

Asanteni kwa kuacha kazi zenu na kuja kutusikiliza. Najua aliye na pikipiki anahesabu abiria anaowakosa, na mama aliyeacha mboga sokoni anawaza jua. Sitawaweka sana.

Nimeombwa nizungumze juu ya leseni za udereva na vitambulisho: lini huisha, na vikiisha tufanye nini. Nina ombi kabla sijaendelea. Aliye na kadi mfukoni au kwenye kibeti aitoe sasa hivi, aiangalie mbele na nyuma, atafute tarehe.

Mwenye leseni ya kadi ataona tarehe iliyotolewa na tarehe itakayoisha. Mwenye kitambulisho cha zamani, hiki tulichokizoea, ataona tarehe ya kuzaliwa na tarehe ya kutolewa, basi. Hakuna tarehe ya kuisha. Na kijana aliyepata kitambulisho chake juzi, hii inayoitwa Maisha Card, yake ina tarehe ya mwisho. Kwa hivyo hapa tulipo tuna kadi za aina tatu, na kila moja ina sheria yake. Watu wengi huzichanganya, na wakizichanganya ndipo wanapopoteza pesa, kazi, na wakati mwingine haki zao.

Ninalotaka mrudi nalo nyumbani ni hili: kadi inaweza kuisha, lakini uraia wako hauishi, na nambari yako haiishi. Anayejua kipi kinaisha na kipi hakiishi hatishwi wala hadanganywi na mtu.

Mlango wa kubisha

Kwanza tujue ni nani anayetoa nini. Wananchi wengi huja katika ofisi za kaunti na kuuliza leseni ya udereva. Tunawapokea, lakini hatuna uwezo wa kuwapa. Kaunti hutoa kibali cha biashara, na husimamia barabara za kaunti na maegesho. Leseni ya udereva hutolewa na Mamlaka ya Kitaifa ya Uchukuzi na Usalama, ile tunayoiita NTSA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2012. Kitambulisho hutolewa na Idara ya Kitaifa ya Usajili wa Watu, chini ya Sheria ya Usajili wa Watu, Sura ya 107. Hizo zote ni kazi za serikali kuu.

Nawaeleza haya kwa sababu kuna watu mitaani wanaojiita maajenti wa kaunti na kuahidi kukuhuishia leseni au kukutolea kitambulisho haraka. Kaunti haina ajenti wa namna hiyo. Ukitaka huduma hizi, nenda kwa msajili wa watu, nenda Huduma Centre, au ingia eCitizen. Huduma Centre ya kwanza ilifunguliwa Nairobi mwaka 2013, na leo vituo hivi viko katika kaunti zote 47. Huna haja ya kusafiri hadi Nairobi kwa jambo hili.

Kitambulisho: cha zamani na kipya

Wazee waliopo hapa bado wanakiita kitambulisho kipande. Jina hilo lina historia chungu. Wakoloni walitunga sheria ya kuwasajili wanaume Waafrika mwaka 1915, na baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia ikaanza kutekelezwa. Mwanamume wa miaka 16 na zaidi alilazimika kubeba kipande, na wengi walikivaa shingoni ndani ya kikebe cha chuma. Kilikuwa cha kumfunga kwa mwajiri na kumzuia kwenda atakako. Harry Thuku na wenzake walikipinga, naye akakamatwa mwezi wa Machi 1922. Wanawake wa Kenya walianza kusajiliwa baada ya sheria kurekebishwa mwaka 1978.

Leo mambo ni kinyume. Kifungu cha 12 cha Katiba kinasema kwamba kila raia ana haki ya kupata pasipoti ya Kenya na hati yoyote ya usajili au utambulisho ambayo serikali hutoa kwa raia. Hati hiyo haiwezi kunyimwa, kusimamishwa wala kutwaliwa isipokuwa kwa kufuata sheria iliyotungwa na Bunge. Kwa hivyo unapoingia ofisi ya msajili, unakwenda kuchukua kilicho haki yako.

Sasa tuje kwenye tarehe. Kitambulisho cha kizazi cha pili, kilichoanza kutolewa mwaka 1995, hakina tarehe ya kuisha. Kama kadi yako ni nzima, picha inaonekana na maandishi yanasomeka, endelea kuitumia. Serikali ilipoleta Maisha Card ilieleza kwamba kadi za zamani zitaondolewa polepole, si kwa mkupuo mmoja. Mtu akikujia mlangoni na kukuambia, "Mama, kitambulisho chako kimeisha, nipe shilingi kadhaa nikuandikishe kipya kabla hujafungiwa M-Pesa," mjue huyo ni tapeli. Wanaolengwa zaidi ni wazee wetu wanaopokea pesa za Inua Jamii. Watoto na wajukuu, waambieni bibi na babu zenu leo hii.

Maisha Card ilianza kutolewa mwishoni mwa 2023. Ilisimamishwa na mahakama zaidi ya mara moja, kisha ikaendelea. Ndani yake mna kijisahani kidogo cha kielektroniki kinachohifadhi habari zako, na kadi hiyo hudumu miaka 10. Miaka hiyo ikitimia, kadi hubadilishwa kwa sababu za usalama, jinsi kadi ya benki inavyobadilishwa. Zile za kwanza kabisa zitaanza kufikia mwisho wake mwaka 2033. Leo hakuna mwenye Maisha Card iliyoisha kwa umri, na anayekuambia yako imekwisha hakuambii kweli.

Hapo ndipo watu walipoogopa. Waliposikia kadi itaisha baada ya miaka 10, wakauliza: ina maana nikifika mwaka wa kumi mimi si Mkenya tena? La hasha. Kinachoisha ni plastiki na kijisahani chake. Nambari yako ni ile ile mpaka siku ya mwisho wa uhai wako. Uraia wako hauko ndani ya plastiki. Lakini haifai kungoja hadi siku yenyewe, kwa maana benki au ofisi itakapotaka kadi iliyo hai, itaitaka siku ile ile uliyo na shida.

Na vijana mliotimiza miaka 18, nawasihi. Msiogope tarehe ya kuisha hata mkaacha kujiandikisha. Bila kitambulisho huwezi kusajili laini ya simu kwa jina lako, huwezi kufungua akaunti, na utakwama kila fomu ya kazi na ya masomo. Katika bima ya afya ya SHA, iliyochukua nafasi ya NHIF tarehe 1 Oktoba 2024, mtu mzima hujisajili kwa kitambulisho. Na Katiba imeweka Uchaguzi Mkuu Jumanne ya pili ya mwezi wa Agosti kila mwaka wa tano, kwa hivyo ujao ni tarehe 10 Agosti 2027. Kuandikishwa kuwa mpiga kura kunahitaji kitambulisho au pasipoti. Aliyezaliwa mwaka 2009 kabla ya siku hiyo ya Agosti atakuwa ametimiza miaka 18, lakini kama hajakichukua kitambulisho, na kama usajili wa wapiga kura utakuwa umefungwa, umri wake pekee hautamfikisha kwenye sanduku la kura.

Kuna na jambo jingine linalonisikitisha. Vitambulisho vimechapishwa, vimefika, na vimelala katika ofisi za wasajili na za machifu bila kuchukuliwa. Mtu aliandikisha, akapewa karatasi ya kusubiri, akaenda Mombasa au Nairobi kutafuta kazi, akasahau. Kama wewe ni mmoja wao, au mwanao, nenda kaulize. Usiandikishe mara ya pili wakati cha kwanza kinakungoja kwenye sanduku.

Leseni ya udereva

Leseni ni jambo tofauti kabisa. Leseni huisha, na huisha mapema. Unaweza kuihuisha, au kama tunavyosema mitaani, kuirinyu, kwa mwaka mmoja au kwa miaka mitatu. Chaguo ni lako. Mwenye uwezo, namshauri achukue miaka mitatu, kwa maana anayehuisha kila mwaka ana nafasi tatu za kusahau ambapo mwenzake ana moja.

Wakongwe wa barabara mnakumbuka kile kitabu chekundu, na vikaratasi tulivyobandika ndani kila tulipolipa. Tangu mwaka 2017 tumehamia kwenye kadi yenye kijisahani cha kielektroniki. Ada ya kadi hiyo imekuwa shilingi 3,050, nayo hulipwa unapoiomba, kisha huenda kupigwa picha na kuchukuliwa alama za vidole. Ada ya kuhuisha ni ndogo kuliko hiyo. Kiasi kamili utakiona kwenye eCitizen kabla hujalipa, na hicho ndicho cha kufuata.

Tuelewane hapa. Ulipofaulu mtihani wa udereva, ulithibitisha kwamba unajua kuendesha. Leseni ni ruhusa ya kuutumia ujuzi huo barabarani. Leseni ikiisha, ujuzi bado unao, lakini ruhusa huna. Ndiyo maana dereva wa miaka 20 anaweza kusimamishwa na kijana wa trafiki na akawa na makosa. Uzoefu wako si leseni.

Sheria ya Trafiki, Sura ya 403, inakataza mtu kuendesha chombo cha moto barabarani bila leseni ya daraja la chombo hicho. Pia inamkataza mwenye chombo kumruhusu asiye na leseni akiendeshe. Kina mama na kina baba mlionunua pikipiki mkampa kijana awaletee hesabu jioni, jambo hili linawahusu. Swali la "leseni yako inaisha lini?" liwe la kwanza, kabla ya swali la hesabu ya siku ni ngapi.

Faini zake zimeandikwa. Kanuni za makosa madogo ya trafiki za mwaka 2016 zinasema hivi: kukosa kuhuisha leseni, shilingi 1,000. Kukosa kuwa na leseni na kuionyesha unapotakiwa, shilingi 1,000. Kuendesha bila leseni halali ya daraja la chombo ulicho nacho, shilingi 7,000. Tazameni tofauti. Aliyesahau kuhuisha na asiye na daraja hawatendewi sawa.

Na hilo la daraja liko sana kwa ndugu zetu wa bodaboda na tuktuk. Daraja la B ni la magari madogo. Pikipiki ni daraja la A, na ndani yake A3 ndiyo ya pikipiki za abiria na za kubebea mizigo ya watu, pamoja na vyombo vya magurudumu matatu. Matatu na mabasi ni daraja la D. Unaweza kuwa na leseni ambayo haijaisha, umeihuisha vizuri kwa miaka mitatu, na bado ukatozwa kwa sababu leseni yako ni ya B na wewe uko juu ya pikipiki na abiria nyuma. Kwa hivyo mkitazama tarehe, tazameni na daraja. Nanyi wa matatu, kumbukeni beji ya PSV na cheti cha tabia njema kutoka kwa DCI. Navyo vina muda wake, na hauendi sambamba na muda wa leseni.

Hasara iliyo kubwa kuliko faini

Wengine watasema shilingi 1,000 si kitu, nikikamatwa nitalipa. Faini ndiyo hasara ndogo kuliko zote.

Tuseme umemgonga mtoto anayevuka barabara akitoka shuleni. Mungu aepushe, lakini tuseme. Hukuwa na mwendo wa kasi, na mtoto alichomoka ghafla. Polisi watapima barabara, watachukua maelezo, na wataomba leseni. Kampuni ya bima nayo itaomba leseni. Mikataba mingi ya bima ina sharti kuhusu leseni ya dereva, na wengi wetu hatujawahi kuyasoma masharti hayo. Sheria ya bima ya magari kwa watu wengine, Sura ya 405, inamlinda aliyegongwa ili asikose haki yake. Lakini kampuni ikishamlipa yeye, inaweza kukugeukia wewe ikidai ulivunja mkataba. Sasa si shilingi 1,000 tena. Ni shamba, ni pikipiki, ni akiba ya chama.

Hata kama bima haitakugeukia, utakuwa umesimama mbele ya hakimu na mbele ya wazazi wa mtoto, na jambo la kwanza litakalosemwa juu yako ni kwamba leseni yako ilikuwa imeisha. Hakuna atakayekumbuka kwamba hukuwa na kasi. Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta. Huu ni ufa wa dakika chache kwenye simu.

Jinsi ya kuhuisha

Huduma za NTSA ziko ndani ya eCitizen. Unaingia kwa nambari yako ya kitambulisho na neno lako la siri, unafungua sehemu ya NTSA, unachagua leseni ya udereva, unachagua kuhuisha, mwaka mmoja au miaka mitatu, unalipa, kisha unapakua nakala na kuihifadhi. Ichapishe moja uiweke kwenye chombo, na nyingine iwe kwenye simu.

Jambo hili linaonekana rahisi, na kwa wengi ni rahisi. Nitaje mahali linapokwama. Wengi wetu tulifunguliwa akaunti ya eCitizen na kijana wa saiba. Yeye ndiye aliyeandika neno la siri. Mara nyingine aliandika na nambari ya simu yake, au barua pepe yake, ili mambo yaende haraka. Siku ile ulifurahi, kazi ikaisha. Sasa leseni imefika mwisho, unataka kuingia, na mfumo unatuma nambari ya uthibitisho kwenye simu ya kijana ambaye alifunga saiba akahamia Malindi. Umefungiwa nje ya nyumba yako mwenyewe.

Kwa hivyo, mkienda saiba, nendeni na simu zenu. Hakikisheni nambari inayoandikwa ni yenu. Neno la siri andika mwenyewe, na kama huwezi, mwambie mwanao akuandikie nyumbani. Kama akaunti yako tayari ina nambari ya mtu mwingine, nenda Huduma Centre na kitambulisho chako uirekebishe sasa, kabla haijawa dharura.

Kuhusu malipo: pesa za huduma za serikali kwenye eCitizen hulipwa kupitia Paybill 222222. Hazitumwi kwa nambari ya simu ya mtu, hata akiwa amevaa beji shingoni. Mwenye saiba ana haki ya kudai ujira wake wa kukuhudumia, hiyo ni biashara yake. Lakini ujira wake na ada ya serikali ni vitu viwili. Mwambie akutenganishie, na uombe risiti.

Kwa vitambulisho, ada zimebadilishwa zaidi ya mara moja tangu mwisho wa 2023, na kiasi cha kitambulisho cha kwanza si sawa na cha kubadilisha kilichopotea. Msikubali bei ya kuambiwa njiani. Iliyo kwenye eCitizen siku mnayokwenda ndiyo bei.

Kadi iliyopotea na majina yasiyolingana

Kadi nyingine hazifikii tarehe yake kwa sababu hupotea njiani. Ukipoteza kitambulisho au leseni, nenda kituo cha polisi uandikishe upewe abstrakti. Usione ni usumbufu. Abstrakti ndiyo itakayokukinga kadi yako ikipatikana mahali pabaya au ikitumiwa kusajilia laini ya utapeli. Ukishaipata, nenda kwa msajili wa watu au Huduma Centre kwa kitambulisho, na kwa leseni ingia NTSA.

Kuna njia moja ya kupoteza kitambulisho ambayo tunaifanya wenyewe: kukiweka rehani. Mtu anakopa dukani, anaacha kitambulisho. Analala gesti, anaacha kitambulisho. Anakodi viti vya harusi, anaacha kitambulisho. Siku ya kukihitaji hospitalini, kimefungiwa kwenye droo ya mtu aliyesafiri. Na kutumia kitambulisho cha mtu mwingine kama chako ni kosa la jinai. Tafuteni dhamana nyingine.

Tena, kabla ya kuondoka kwenye dirisha na kadi mpya, isome hapo hapo. Herufi moja ina gharama. Cheti cha kuzaliwa kimeandikwa Mwanaisha, kitambulisho kikaja Mwanaesha, leseni ikafuata kitambulisho, na akaunti ya benki ikafuata cheti. Kila mfumo unauliza mwingine, na jina moja likikataa, yote yanakataa. Kosa likiwa dogo na kadi ikiwa mpya, kulisahihisha ni rahisi. Likikaa miaka 10 linazaa wajukuu.

Kabla sijaketi

Bado kuna jambo moja ambalo serikali haiwezi kuwafanyia, ya kaunti wala ya kitaifa. Hatuwezi kuwakumbukia tarehe zenu. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Basi kila nyumba iwe na daftari. Kwenye ukurasa mmoja andikeni majina ya waliomo nyumbani, na mbele ya kila jina andikeni leseni inaisha lini, beji inaisha lini, bima ya chombo inaisha lini, na Maisha Card inaisha lini. Mwandikeni na mtoto wa miaka 17, na siku atakayotimiza 18. Wekeni tarehe ya ukumbusho kwenye simu, mwezi mmoja kabla.

Kwa viongozi wa bodaboda, nina ombi la pekee. Mna daftari la michango ya kila wiki, na najua haliruki mtu. Ongezeni safu moja tu: tarehe ya leseni. Katibu akisoma michango, asome na leseni tatu zinazokaribia kuisha mwezi huo. Chama kinachozika wanachama wake kinaweza pia kuwakumbusha. Na mwanachama akikosa ada ya kuhuisha, mkopesheni kutoka kwenye mfuko, akalipe kidogo kidogo. Ni bei nafuu kuliko mchango wa kumtoa korokoroni.

Nitabaki hapa chini ya mwembe baada ya baraza. Mwenye kadi asiyoielewa tarehe yake aje nayo tuisome pamoja. Mwenye akaunti ya eCitizen iliyofungwa aje na simu yake na kitambulisho chake. Mzee aliyeambiwa kitambulisho chake kimeisha, na akadaiwa pesa, aje kwanza kabla ya wote, na chifu yuko hapa atasikiliza.